Binti tuliyemlea kikundini kamzunguka stelingi wetu, sasa shirika linamtaka yeye. Tufanyeje?

DadaWaMwanga

Wakuu habari zenu, wakubwa zangu shikamooni. Naomba ushauri hasa kwa mliowahi kuishi ndani ya vikundi vya sanaa, mana hili jambo limetugawa katikati na kikao ni Jumapili hii.

Sisi ni kikundi cha ngoma na maigizo hapa Kigoma mjini, wengine tunakaa Mwanga, wengine Gungu, wengine Ujiji. Ukumbi hatuna. Tunacheza viwanjani, sokoni na mialoni wanaposhushia samaki, ngoma inapigwa kwanza watu wajae alafu igizo linaingia. Vijiji vya ziwani tunaenda kipindi cha mbalamwezi, mana mwezi ukiwaka dagaa hawafuati taa, wavuvi wanalala nyumbani, hapo unampata baba, mama na watoto kwa pamoja. Mwaka 2024 serikali ilipofunga uvuvi Ziwa Tanganyika miezi mitatu kuanzia Mei 15 ndio igizo letu kubwa likashika kweli, watu walikuwepo na lenyewe linawahusu. Mvuvi kafa ziwani, ndugu zake wanakuja kuchukua mtumbwi, injini na nyavu, mjane anaambiwa afungashe arudi kwao Uvinza. Halikuandikwa na mtu mmoja, tulilitunga mazoezini, huyu analeta hili yule analeta lile, baadae ndo likaingia kwenye daftari.

Mjane anachezwa na dada yetu mkubwa, humu nitamwita Mama. Shughuli yake ni kuanika dagaa Kibirizi, shule aliishia la saba, ila kuna sehemu shemeji zake wanabeba injini na yeye hasemi kitu, anakunja tu wavu uliobaki, taratiibu mpaka uishe, na uwanja mzima unanyamaza na yeye. Mimi nimeliona igizo hilo mara nyingi na bado nikifika hapo naangalia chini.

Sasa akaja binti kuomba kujiunga. Akatuambia wazazi wake walifia vitani Kongo, kwamba alivushwa ziwa akiwa mchanga akalelewa na watu baki, hana ndugu. Kigoma hii nani asiyezijua habari hizo, boti zilishusha watu Kibirizi toka 1996, hakuna aliyemuuliza mara mbili. Mama akamchukua kwake, anakula hapo analala hapo. Na binti alijituma jamani, hiyo haki yake simnyimi. Anafua maleba, anabeba ngoma, anachemsha chai, mazoezini hakai chini, anasimama nyuma ya Mama anafuatisha maneno kwa midomo. Na sababu anajua kompyuta tukampa simu ya kikundi na group la WhatsApp, akawa yeye ndo anaandika maandiko ya miradi na kujibu barua pepe.

Alafu zikaanza meseji. Zinaingia kwenye simu ya kikundi kutoka namba ngeni, huyu anajiita mtazamaji wa Ujiji, yule wa Bangwe, wanasema igizo zuri ila mjane mzee mno, tafuteni binti mwenye damu. Anatusomea kwenye kikao, kwa sauti ya huruma, anamwangalia Mama anasema samahani Mama ila lazima tujue wananchi wanasemaje. Mama akaanza kupoteza raha. Akawa anauliza kila akimaliza kucheza, "nimeonekana mzee?" Mtu ambae hakuwahi kuuliza swali hilo maisha yake.

Siku wageni wa shirika walipokuja kutoka Dar kuliona igizo, onyesho lilikuwa saa nne asubuhi Ujiji. Usiku wa kuamkia siku hiyo Mama alipata meseji kutoka simu ya kikundi kwamba limesogezwa mpaka saa tisa alasiri, akaenda zake mwaloni kugeuza dagaa. Sisi saa nne tunapiga hapatikani, wageni wameshakaa, binti akatokea nyuma ya turubai tayari kashajifunga kitenge cha mjane, anasema maneno yote nayajua niacheni nicheze tusiaibike. Akacheza. Na alicheza vizuri, wageni walitoa machozi, mmoja alienda kumshika mkono. Mama amefika saa nane na nusu na mkoba wake akakuta tunakunja turubai.

Baadae ndo mambo yakafunguka. Mwenzetu mmoja alichukua zile namba za watazamaji akajifanya anazitumia elfu moja moja, na si mnajua kabla hujathibitisha jina linakuja? Moja likaja jina la binti mwenyewe. Nyingine jina la mama mmoja wa ukoo huohuo, tukafuatilia, kumbe ndo mama yake mzazi, yuko hai mzima wa afya, anauza maharage sokoni Kasulu. Na kwenye andiko lililoenda shirika, palipoandikwa mtunzi wa igizo kaweka jina lake peke yake, na namba ya simu yake.

Shirika linataka igizo lirekodiwe liwe vipindi vya redio. Wanamtaka yeye awe mjane, wanaongea na yeye. Mama kasema mazoezini hakanyagi tena. Nusu ya kikundi wanasema afukuzwe leo, nusu wanasema tukimfukuza mradi unaondoka nae. Kwaiyo naomba kujua, igizo ni la nani kisheria? Na mtu wa namna hii mnakaa nae vipi?

KijanaWaGungu

Pole dada, ila ngoja niseme upande ambao humu watu hawataupenda. Umeandika mwenyewe kwamba alicheza vizuri mpaka wageni wakalia. Sasa niambie, kabla ya siku hiyo mlishawahi kumpa hata nafasi ya jirani anayepita na ndoo? Mtu anafua maleba, anabeba ngoma, anaandika maandiko yanayowaletea posho nyie, na igizo zima liko kichwani mwake, alafu anaambiwa asubiri. Asubiri nini? Mama azeeke? Mama astaafu? Kwenye vikundi vya mji huu hakuna anayestaafu, stelingi anakuwa stelingi mpaka anazikwa, na akiumwa onyesho linaahirishwa, kijana anayejua yale maneno yupo pale pale kashika beseni.

Mimi nimepita kwenye vikundi hivi. Usaili hakuna, anayepewa nafasi ni aliyeanzisha kikundi, mke wa mwenyekiti, mdogo wake katibu. Mwenye kipaji anabaki na njia mbili, apande treni aende Dar akahangaike huko au azunguke. Kutaka makuu sio dhambi, msanii asiyetaka makuu akaanike dagaa.

Uongo wa saa tisa ni mbaya, sikatai. Ila msijifanye mmeona uongo tu hamjaona kilichouzaa.

DadaWaMwanga

KijanaWaGungu mdogo wangu nakuheshimu ila hilo la mwisho kuhusu kuanika dagaa lifute, anayeanika dagaa ndo amesomesha watoto na bado akatupa igizo. Na nafasi alipewa. Alicheza binti wa mjane kwenye maonyesho ya Kibirizi na ya Katubuka, na Mama mwenyewe ndo alimfundisha namna ya kulia bila kuziba uso, alikuwa anamshika kidevu anamwambia watu wa nyuma nao wamekuja kukuona. Nani kakwambia tulimficha?

MwalimuMstaafuTabora

Wanangu habari za jioni. Mimi niko Isevya hapa Tabora, nimefundisha Kiswahili sekondari miaka mingi na kusimamia maigizo ya shule, nimesoma habari hii mara mbili na imenikaa.

Dada, zile meseji za watazamaji wa uongo ndizo zilizonishtua kuliko ile ya saa tisa. Kama mmesoma Juliasi Kaizari, igizo la Shakespeare kwa tafsiri ya Mwalimu Nyerere iliyotoka mara ya kwanza 1963 (nae alisoma hapahapa Tabora na akaja kufundisha hapahapa), mtakumbuka Cassius anavyomvuta Brutus aingie kwenye njama ya kumuua Kaizari. Anajua Brutus hashikiki kwa pesa wala kwa vitisho, ni mtu wa heshima, anashikika kwa kitu kimoja tu, anajali watu wa Roma wanamwonaje. Basi anaandika barua kwa miandiko tofauti tofauti zionekane zimetoka kwa wananchi mbalimbali, zinatupwa dirishani kwa Brutus, nyingine anaagiza iwekwe kwenye kiti chake cha kazi, nyingine ibandikwe kwa nta kwenye sanamu ya babu yake. Brutus anaamka usiku anasoma, anaona Roma nzima inamwita. Roma haijamwita. Ni mtu mmoja mwenye kalamu.

Wanafunzi wangu siku zote walikuwa wanakimbilia eneo la visu, pale barazani, kila mvulana anataka achome. Mimi nilikuwa nawarudisha kwenye barua. Kisu kinaonekana na wote, barua aliiona Brutus peke yake usiku na hakumuuliza mtu. Angeuliza hata jirani mmoja asubuhi, "ni wewe uliyeniandikia?", Cassius angekwama. Na Mama wenu kilichompata ni hicho hicho, amepigwa mahali anapojali, kuonekana kwake na watazamaji, na hakuna aliyeenda Bangwe kumtafuta huyo mtazamaji. Ninyi mmetumia elfu moja mkapata jina. Hongereni sana kwa hilo, ila lilitakiwa wiki ile meseji ya kwanza ilipoingia.

Sasa kijana wetu wa Gungu anasema kutaka makuu si dhambi. Sawa kabisa mwanangu. Hata kwenye igizo hilo Brutus anasimama kusema Kaizari ameuawa kwa sababu alitaka makuu, na watu wanamshangilia, alafu Antonio, rafiki wa Kaizari, anakuja kuwaonyesha kwamba shutuma hiyo ni rahisi kuitoa na ngumu kuithibitisha. Kwaiyo mkikaa Jumapili mkamshtaki binti kwa "kutaka makuu" mtashindwa, mana kila mmoja wenu anataka, ndio mana yuko jukwaani. Mshtakini kwa vitu vyenye ushahidi, meseji ya saa tisa, namba mbili za uongo, jina kwenye andiko.

Kuna jambo jingine nataka niliseme polepole. Watu wanapenda kusema muigizaji ni muongo kwa kazi yake, kwaiyo usishangae akikudanganya. Sikubaliani hata kidogo. Mama wa watu akisimama pale Kibirizi akalia mume ambae hakufa, kila aliyekaa mchangani anajua hakufa, amekuja kwa hiari yake alie nae. Hapo hakuna aliyedanganywa. Binti alipokaa sebuleni kwa Mama akalia wazazi ambao hawakufa, Mama hakuwa ameambiwa kwamba hilo ni igizo. Machozi yanaweza kuwa yaleyale na ustadi uleule, ila sebuleni Mama alitoa chakula na kitanda. Msikubali mtu awachanganyie hayo mawili, hasa binti mwenyewe, mana nahisi hapo ndipo atakapojitetea.

Na la kazi sasa. Shuleni sikuwahi kuandaa igizo bila watu wawili kwa kila nafasi kubwa. Sio mtu wa akiba anayekaa benchi anasubiri mwenzie augue, hapana, hilo ndilo linaloleta kuombeana mabaya. Wote wawili majina yanabandikwa ukutani toka siku ya kwanza, huyu anacheza onyesho la Ijumaa, yule la Jumamosi, kila mtu anajua zamu yake na siku ambayo sio yake anakaa mbele na watazamaji amwangalie mwenzie. Wengine walikuwa wananuna mwanzoni. Ila sikuwahi kuona mtu anaficha viatu vya mwenzie kama walivyokuwa wanafanya zamani kabla sijaanza utaratibu huo.

KijanaWaGungu

Mwalimu shikamoo. Huo utaratibu wa zamu ndio nilikuwa nautafuta kuueleza nikashindwa. Ungekuwepo kwenye vikundi vyetu wengi tusingeondoka.

FundiJukwaa

Wakuu nijibu upande wa sheria, mimi nilipita chuo cha sanaa Bagamoyo na nimeshawahi kusimamia mikataba ya vikundi, sio wakili ila haya mambo tulifundishwa na nimeyaona yakitokea.

Dada, linaloongoza hapo ni Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki Na. 7 ya 1999. Kazi ya sanaa, na igizo limo, inalindwa toka inapotungwa, haisubiri kusajiliwa wala muhuri. Kwaiyo mtu kuandika jina lake kwenye andiko la mradi hakumfanyi mtunzi, kama ambavyo nikiandika jina langu kwenye mtumbwi wako haujawa wangu. Kazi iliyotungwa na watu wengi pamoja ni mali yao wote waliochangia utunzi, na haki inadumu maisha yao na miaka 50 baada ya kufa yule wa mwisho.

Ila kuna sehemu watu wanajikwaa. Sheria hailindi wazo. Habari ya mjane kunyang'anywa mtumbwi mtu yeyote anaweza kuitunga, kesho binti akienda akatunga igizo lake jingine la mjane na maneno yake mwenyewe hamna la kumfanya. Mnacholinda ni namna mlivyolisema nyie, maneno, mpangilio wa matukio, nyimbo. Kwaiyo ushahidi wenu ni lile daftari, limeandikwa lini na kwa mkono wa nani. Tafuteni na video za simu za maonyesho ya 2024, kila mtu aangalie kwenye simu yake, na za watazamaji pia, watu walirekodi hao. Zikionyesha igizo linachezwa na maneno yaleyale kabla binti hajajiunga, habari imeisha.

Alafu kuna hakishiriki, hii vikundi vingi hawaijui kabisa. Ukiacha mtunzi, hata anayeigiza ana haki yake. Kumrekodi muigizaji na kumrusha hewani kunataka ruhusa ya muigizaji mwenyewe. Shirika likirekodi vipindi vya redio kwa saini ya mtu mmoja aliyejiita mtunzi, wamejiweka pabaya wao, na mashirika yanaogopa sana jambo la namna hiyo mana na wao wana wafadhili wa kuwajibu. Kwaiyo msiende kuwalilia, nendeni kuwataarifu.

La usajili: kikundi chenu kimesajiliwa BASATA (Baraza la Sanaa la Taifa)? Angalieni majina ya viongozi yaliyoko kule ni ya nani na simu ni ya nani, mana mtu anayeandika barua zote anaweza kuwa ameshabadilisha na hapo. Pia muende kwa afisa utamaduni wa manispaa mkiwa na katiba na muhtasari wa kikao, ajue mapema viongozi ni nani kabla hajaletewa habari na upande mwingine. Akaunti ya benki wasaini wawe zaidi ya mmoja. Simu ya kikundi isikae kwa mtu mmoja, na tangazo la saa ya onyesho litoke kwa katibu na mwenyekiti wote wawili. Mtu akipewa simu, barua pepe, daftari na ratiba, hata akiwa malaika mmempa kikundi mkononi.

WaNgamboYaZiwa

Nimesoma mpaka mwisho nikaweka simu chini. Naandika nikiwa na uchungu mnisamehe.

Mama yangu alivuka kweli. 1996, kutoka Uvira, akiwa na kaka yangu mgongoni na mimi tumboni. Walishuka Kibirizi, wakapelekwa Kasulu, Nyarugusu ndo ilikuwa inaanza mwaka huo. Mimi nimezaliwa kambini. Sijawahi kusimulia habari hizi ili nipate kitanda wala nafasi ya kucheza, kwanza hata mama mwenyewe hazisimulii, ukimuuliza anaenda kuangalia sufuria.

Mnajadili meseji, namba za simu, sijui mtunzi nani, ni sawa, ila kwangu kosa kubwa ni hilo ambalo mmelipitia haraka. Alichukua vifo vya watu akavaa. Kesho akija binti wa kweli, asiye na mtu kweli, akabisha hodi kwenye kikundi chenu, mtamwangalia vipi? Mtamuuliza karatasi? Mtamtumia elfu moja muone jina? Huyo hatakuwepo kwenye kikao chenu cha Jumapili kuuliza, ndo mana nauliza mimi.

Sisemi afukuzwe. Sijui. Ila hilo lisiwekwe chini ya mengine yanayoendelea.

KijanaWaGungu

Dada pole sana. Hapo kwenye wazazi sina cha kumtetea.

MwalimuMstaafuTabora

Mwanangu WaNgamboYaZiwa, mpe mama salamu zangu. Dada wa Mwanga, naomba hili lisomwe kwenye kikao kama lilivyoandikwa.

DadaWaMwanga

Wakuu nimerudi, kikao kimefanyika na kimekaa mpaka giza. Nawaletea kwa kifupi mana wengi mmeuliza.

Tulisoma kila kitu mbele yake, meseji ya saa tisa, namba mbili, andiko. Hakukataa hata kimoja, ambacho hatukutegemea. Mwalimu ulisema atajitetea kwa uigizaji na kweli alianza hivo, akasema si nyie mlinifundisha kuingia ndani ya mtu, mwenyekiti akamsomea maneno yako ya sebuleni, akanyamaza. Alafu akasema kitu ambacho bado nakifikiria. Akasema kabla ya kuja kwetu alibisha hodi kwenye vikundi vingine akajitambulisha kama alivyo, mtoto wa muuza maharage Kasulu, na kila alikopita aliambiwa nafasi zimejaa njoo mwakani. Akasema "ningekuja kwenu hivo, Mama angenipa chumba?" Hakuna aliyemjibu. Mimi najua Mama angempa, ila yeye angejuaje.

Nikasoma maneno ya WaNgamboYaZiwa. Hapo ndo alilia, na safari hii nilimwangalia vizuri, aliziba uso.

Mama hakuja kikaoni. Jioni nilienda kwake na mwenyekiti, tukamkuta anapembua mchele, tukamweleza yote. Hakuuliza habari ya nafasi ya mjane wala ya redio. Aliuliza kama mama wa binti anajua mwanae alikuwa anaishi wapi muda wote huo. Tukasema hatujui. Akasema basi binti aende Kasulu amlete mama yake hapa, aje amwambie mbele yangu kwamba mimi ndo niliyekuwa nakaa na mwanae, na kwamba alikuwa anatangazwa marehemu nyumbani kwangu. Akasema wakishamaliza hilo ndo ataongea na mtu kuhusu igizo, kabla ya hapo asiulizwe.

Binti amekubali kwenda. Ameondoka leo na basi la asubuhi, kama atarudi na mama yake au hatorudi kabisa siwezi kuwaambia. Simu ya kikundi ameikabidhi, iko kwa katibu.

Kwenye nafasi tumepitisha utaratibu wa Mwalimu, watu wawili kila nafasi kubwa na majina ukutani. Mjane tumeandika jina la Mama la kwanza, la pili tumeacha wazi kwa usaili, na KijanaWaGungu usaili utatangazwa kwa mtu yeyote wa mji huu, ukiwa na dada au rafiki mwambie aje. Binti akirudi na mama yake atasimama kwenye foleni na wengine. Kuna wenzetu hawakulipenda hilo, wawili walitoka nje kwa hasira na sijui kama watarudi.

Video tumepata. Kuna jamaa mvuvi alirekodi lile igizo 2024 kipindi cha ziwa kufungwa, lote mpaka wimbo wa mwisho, tarehe ipo kwenye simu yake. FundiJukwaa, barua ya shirika tuiandikeje, na mkataba wanasema wanaleta wiki ijayo?

FundiJukwaa

Safi sana, hiyo video nakilini leo leo kwenye simu tatu tofauti, na huyo mvuvi msimwache afute ya kwake.

Barua iwe fupi. Wajulisheni kwamba igizo lilitungwa na kikundi na lilikuwa linachezwa toka 2024, orodhesheni majina ya wote waliochangia utunzi, semeni jina lililokuwa kwenye andiko liliandikwa bila idhini ya kikundi na mnaomba lirekebishwe kabla ya kusaini chochote. Msiandike habari ya wazazi wala ya namba za simu, hiyo ni ya ndani kwenu na haiwahusu. Asaini mwenyekiti na katibu. Msitume kwa barua pepe peke yake, kama wana ofisi Kigoma pelekeni kwa mkono na mrudi na nakala iliyogongwa muhuri wa kupokelewa. Na mkataba wa redio ukija, kila anayesikika humo asaini mwenyewe kwa jina lake na alipwe kwa jina lake, kwenye mkataba iandikwe hivo. Kama Mama bado hajarudi siku hiyo, sauti ya mjane isirekodiwe mpaka mjue.